Taa Zisizosimama Peke Yazo

Siku tuliyomzika Kerubo, Ontita alisimama mbele ya maikrofoni akasema marehemu alikuwa "mlinzi wa mila za wazee wetu". Nilikuwa na chupa ya soda mkononi, na nusu yake iliishia kwenye suruali yangu, ile moja niliyo nayo ya kuvaa mazishini. Mimi si mtu wa hasira. Muulize yeyote hapa Nyansiongo, atakuambia Ogeto ni mtu wa kukaa: ng'ombe wawili, kiti karibu na jiko, na safari ndefu ya wiki ni kupeleka maziwa barabarani. Kutoka hapa hadi Keumbu kwa hayo mazishi kulinigharimu siku mbili za kujibembeleza. Lakini nilipomsikia huyo mtu, ndani ya suti yake ya kijivu, akiwaeleza waombolezaji jinsi Wagusii wa kale walivyokuwa wakiwasha taa za mawe siku ya giza kuu, na akina mama chini ya hema wakiitikia "ee, ee" kana kwamba walikuwepo, nilitaka kumrushia kiti. Kilichonizuia ni kwamba kiti kilikuwa cha kukodi, na nilikuwa nimekikalia. Hakuna taa za kale. Hakuna siku ya giza kuu. Mambo yote hayo yalitungwa katika jiko la shangazi yangu kule Tabaka, mwaka niliomaliza kidato cha nne. Aliyeyatunga alikuwa ndani ya lile sanduku. Na aliyemsaidia Ontita kumwibia ni mimi.

Mwaka huo nilikuwa nimepata D ya kujikokota, alama ambayo haikufukuzi duniani lakini pia haikukaribishi popote. Nikapelekwa kwa shangazi nikajifunze kazi ya mawe ya sabuni, yale laini ya kuchongea vinyago. Tabaka kazi imegawanywa tangu zamani: wanaume wanachimba na kuchonga, wanawake wanasugua kwa msasa ndani ya maji mpaka jiwe linakuwa laini kama shavu la mtoto. Siku ya kwanza nilishuka shimoni na wanaume. Siku ya pili mgongo ulikataa, nikakaa jikoni na wanawake, na sikutoka tena mpaka mwaka ukaisha. Lilikuwa jiko la udongo, jeusi kwa moshi hadi kwenye mabati, na katikati palikuwa na makarai matatu ya maji yaliyogeuka maziwa kwa unga wa mawe. Ndani ya maji hayo walilala vifaru, twiga, vibakuli, na watu wawili wanaokumbatiana ambao wageni huwapenda sana. Kando, kwenye sufuria, chinsaga, ile mboga chungu ya kwetu, ilikuwa ikichemka na maziwa tangu asubuhi ili uchungu utoke. Nikisikia harufu ya jiwe bichi na chinsaga hata leo, njaa inanishika na aibu pia, kwa pamoja, na siwezi kusema ni ipi inatangulia.

Shangazi aliniita Tata, yaani baba, maana nilirithi jina la baba yake, kwa hiyo hata alipokuwa akinigombeza alikuwa anamgombeza baba yake kwa adabu. "Tata," aliniambia wiki ya kwanza, "mwanamume aliyepashwa tohara hakai jikoni na wanawake."

"Basi nikakae nje, Shangazi?"

"Nje mvua inanyesha."

"Basi?"

"Basi sogea, unatuzibia moto."

Aliyecheka kwa sauti kuliko wote alikuwa Kerubo, binti wa jirani aliyekuja kila siku kusugua. Alinizidi mwaka mmoja tu. Shule aliishia darasa la saba, na mikono yake ilikuwa ya haraka hivi kwamba nilipomaliza twiga mmoja yeye alikuwa amemaliza familia nzima ya twiga. Aliniita Bwana Cheti. "Bwana Cheti, hebu tusaidie, wewe umesoma. Chuma kinayeyuka kwa moto wa kiasi gani?" Nikasema sikumbuki. "Na jiwe?" Nikasema jiwe haliyeyuki. "Ah! Kumbe hukupoteza karo ya watu bure." Kisha akainamia karai lake, na bila kuniangalia akaanza: "Kule Bomwamu, mawe yanayeyuka."

Bomwamu, mahali pa weusi, ilikuwa nchi yake. Aliijenga kidogo kidogo, siku baada ya siku, mikono ikiwa majini. Huko jua lilikuwa mnyama mzee mwenye manyoya, na mara moja kwa mwaka lilichoka, likaenda kulala nyuma ya mlima, na watu hawakujua litaamka lini. Kulikuwa na ndege waliotaga makaa ya moto, na ilibidi uwafunge miguu wasije wakaatamia paa la nyumba. Ng'ombe walitoa maziwa yanayong'aa kidogo, kwa hiyo mwizi wa maziwa alijulikana kwa mdomo. Na siku jua lilipolala, watu wote walitoka na sufuria za chakula kilichopikwa mapema na taa zao za mawe, wakafanya karamu. Sheria zilikuwa chache lakini kali. Hakuna kuwasha taa yako mwenyewe, unawashiwa na mwenzako. Hakuna kujipakulia, unapakuliwa. Anayejipakulia anageuzwa, anakula akiupa moto mgongo. Na moto unatoka kwa nyumba iliyolala njaa: hao ndio wanaowawashia wengine, wao wanawashiwa mwisho, na sufuria zote zinaanzia kwao. Shangazi, ambaye ni Msabato wa kupindukia, alisema hizo ni hadithi za mapepo. Lakini siku Kerubo alipokosa kuja kwa sababu ya homa, ni yeye aliyeniuliza jioni, kwa sauti ya mtu asiyejali: "Na yule jua, aliishia kulala wapi?"

Nataka ieleweke vizuri, kwa sababu ndiyo kiini cha hasira yangu: Kerubo hakuwahi kumdanganya mtu. Nilimuuliza siku moja anapata wapi mambo hayo, akanihesabia bila kuona haya. "Taa nilizitoa mjini Kisii, kwa mama mmoja wa Kihindi mwenye duka la vitambaa. Nilipeleka vibakuli, nikakuta amezipanga mlangoni, ndogo ndogo, za mafuta. Akaniwekea kitu kitamu cha maziwa hapa mkononi. Yeye mwenyewe, Bwana Cheti, si mfanyakazi. Kupika chakula mapema ni kwenu nyinyi Wasabato, Ijumaa. Hayo mengine ni yangu." Msichana wa darasa la saba alijua kutenganisha alichoazima na alichotunga. Ontita ana digrii, wanasema, na hajajua hadi leo.

Taa zenyewe alizichonga kwa siri. Mwanamke kushika kisu cha kuchongea wakati huo kulimfanya achekwe na kijiji kizima, kwa hiyo aliokota vipande vilivyotupwa, akavichongea jikoni, mlango ukiwa umeegeshwa. Zilikuwa ndogo, za kutosha kwenye kiganja, zenye shimo la mafuta na mdomo wa utambi. Lakini kitako alikikata mshazari. Ukiiweka moja chini, inaanguka na mafuta yanamwagika. Ukiweka mbili zikipeana mgongo, zinaegemeana, zinasimama imara. Nilimwambia umeharibu, kitako hakiko sawa. Akaniangalia kama mtu anayemwangalia mbuzi aliyeingia kanisani. "Isimame peke yake ya nini?" akasema. "Kule hakuna anayewasha moja."

Karamu tuliifanya mara moja tu. Ilikuwa Ijumaa, na shangazi alikuwa amekwisha kupika chakula cha Sabato: ndizi na maharagwe, mboga za managu, na mchuzi wa kuku mmoja aliyekuwa amezeeka kwa heshima. Saa tisa mchana anga ilifunga, ikawa nyeusi kama ndani ya chungu, na mvua ya mawe ikaanza kupiga mabati hata tukawa tunaongea kwa kupiga kelele. Kerubo alinyanyuka, akaanza kupanga sahani.

"Wewe! Hicho ni chakula cha Sabato!"

"Sabato si inaingia giza likiingia?"

"Ni saa tisa, Kerubo!"

"Angalia nje, Shangazi. Uniambie hilo si giza."

Shangazi aliangalia nje. Alikuwa mwanamke mkweli, na hilo ndilo lililomponza. "Ni giza," alikubali. Kerubo akatoa taa sita kutoka kwenye gunia, akazipanga mbili mbili, akamimina mafuta ya kupikia. Nikauliza nani kati yetu anatoka nyumba iliyolala njaa. "Leo ni mimi," akasema, hivyo tu, kama anayesema leo ni zamu yangu kuteka maji. "Kwetu jiko halijawashwa tangu juzi." Akachukua kijiti chenye moto, akamwashia shangazi, akaniwashia mimi, nami nikamwashia yeye mwisho. Kisha sheria ikanigeukia: mimi, mwanamume, nikawapakulia. Nilianza na Kerubo, nikamjazia, halafu nikamwekea shangazi sahani mapajani. Shangazi aliiangalia sahani ile kwa muda mrefu. "Tangu niolewe katika mji huu," akasema, "sijawahi kukaa chini katika jiko langu nikaletewa." Alikula polepole, na miale ya zile taa ilikuwa inacheza kwenye vifaru waliolala majini, na nilifikiri, nikiwa na D yangu na mgongo wangu mbovu, kwamba sihitaji kwenda popote tena maishani.

Ndipo mlango ukasukumwa, akaingia Ontita, gazeti kichwani. Alikuwa broka kijana siku hizo, mwenye koti la ngozi, aliyenunua mawe kwa wachongaji na kuyauza mjini na ng'ambo. Gari lake lilikuwa limeteleza mtaroni mbele ya lango letu. Alisalimia, akaona chakula, akachukua sahani, akajipakulia.

"Geuka, bwana," Kerubo akamwambia. "Hapa aliyejipakulia anaupa moto mgongo."

Ontita alicheka, akaketi uso ukielekea moto. Alikuwa hatazami moto, alikuwa anatazama taa. Akainua moja, ile ya pili ikaanguka, mafuta yakamwagika sakafuni. "Nani amechonga?" Kerubo akasema ni yeye. "Hizi ni nzuri," akasema Ontita, "ila hazisimami." Na kwa kuwa mawe ya mvua yalikuwa hayaachi, akauliza habari zake, na mimi, mpumbavu mwenye cheti, nikamweleza sikukuu yote kwa ufasaha, Bomwamu mwanzo hadi mwisho, huku Kerubo akinikanyaga mguu.

Baada ya siku tatu Ontita alinitumia mtu, akaniita Kisii, akanipeleka hoteli. Nimekwisha kukiri mengi kuhusu mimi, acha nikiri na hili: tangu matokeo yatoke, nje ya jiko lile hakuna aliyekuwa ameniita kwa heshima. Nilikuwa "huyo". Ontita aliniita ndugu yangu, akaniagizia karanga ya ng'ombe, ile nyama ya kukaangwa, na chapati mbili, akaniambia amesikia nina kalamu nzuri. Alitaka karatasi ndogo ya maelezo, ya kufungwa kwenye kila taa, kwa Kiingereza cha shule.

"Anza na walioianzisha," akasema.

"Ni Kerubo."

"Kerubo nani?"

"Yule uliyemkuta. Anasugua mawe kwa shangazi."

Akaweka kijiko chini. "Sikiza, ndugu yangu. Mzungu hapandi ndege kuja kununua Kerubo. Ananunua wazee. Andika wazee."

"Lakini wazee hawakuwa na..."

"Wewe uliwauliza?"

Sikuwa nimewauliza. Nikaandika wazee. Na linaloniuma hadi leo ni kwamba niliandika vizuri. Niliweka mababu juu ya vilima, niliweka pembe za kuitana, niliweka giza kuu. Ile sheria ya nyumba iliyolala njaa Ontita aliifuta kwa kidole, akasema inaleta huzuni, na mtu akiwa na huzuni hanunui. Nilikubali hilo pia, nikaomba chapati ya tatu.

Mwezi haukuisha, wachongaji wote wa upande wetu wakawa na oda ya taa. Wanaume walizichonga, na vitako walivikata sawa, taa moja moja, kila mtu na yake, maana Ontita alisema nani atalazimishwa kununua mbili. Magunia yakaletwa kwa shangazi yasuguliwe. Kwa hiyo Kerubo alikaa pale pale kwenye karai lake akazisugua taa zake mwenyewe, zikiwa zimekatwa miguu, siku nzima, wiki nzima. Nilidhani hajui. Kisha asubuhi moja alitoa kutoka kifuani karatasi iliyolowa, iliyokuja na gunia, akanipa. "Bwana Cheti, soma. Kwa Kiswahili."

Nikasoma. Sauti yangu ilikuwa inapungua kila mstari kama koroboi lililoishiwa mafuta. Shangazi alikuwa ameacha kukoroga. Nilipomaliza, Kerubo akauliza, bila ukali wowote: "Mimi niko wapi hapo?"

"Wewe... si unajua, wewe uko ndani ya wazee."

"Nani ameandika?"

Hakuhitaji jibu, kwa sababu katika jiko lile aliyejua kuandika Kiingereza alikuwa mmoja. Aliichukua karatasi, akaikunja, akaiweka chini ya sufuria iliyokuwa ikitikisika ili itulie. "Inafaa kwa kitu," akasema. Shangazi akanipiga mgongoni kwa mwiko, pigo moja, lenye managu, na hilo ndilo pekee nililowahi kulipia. Kuanzia siku hiyo Kerubo alizungumza nami vizuri tu: nipe maji, sogeza gunia, habari ya nyumbani. Bomwamu hakuitaja tena. Nilijaribu kumchokoza, nikamuuliza ndege wametaga au hawajataga. Akasema, "Ndege gani?" Mwaka ulipoisha aliolewa Keumbu, nami nikarudi Nyansiongo kukaa, kazi ambayo nimeifanya kwa bidii mpaka leo.

Sasa kuna Sikukuu ya Taa kila mwaka mjini, katika hoteli moja kubwa ambayo sitaitaja. Nilikwenda mara moja, nikaona kwa macho. Kuna meza ndefu za chakula ambapo kila mtu anajipakulia. Kuna ua wa waya, na nje ya waya wamesimama wachongaji na wake zao, mikono myeupe kwa unga, wakiangalia kazi yao ikiwaka. Ningecheka kama ningekuwa mtu wa mbali.

Ndiyo maana kule Keumbu, Ontita alipomaliza kuwalilia wazee wake wa kubuni, nilinyanyuka nikaomba maikrofoni. Mfawidhi akanong'ona, "Mzee, dakika mbili, mvua inakuja." Nilisema yote. Nilisema hakuna mzee yeyote, ni Kerubo, akiwa na miaka ishirini, mikono ikiwa majini. Nilisema karatasi niliiandika mimi, nikalipwa karanga na chapati. Nilingojea mbingu zipasuke. Badala yake shemeji wa marehemu, mzee mwenye fimbo, alisimama akasema kwa upole: "Huyu ndugu wa Nyansiongo amechoka na safari. Taa hiyo hata babu yangu alikuwa nayo. Niliiona kwa macho haya." Watu wakampigia makofi. Aliamini, hilo ndilo baya. Nilipoketi Ontita alinijia, mkono mbele, akitabasamu. "Ogeto! Kalamu bado unayo?" Sikumpa mkono. Najua ni kitu kidogo kwa mtu aliyekaa kimya karibu miaka thelathini, lakini ndicho nilichokuwa nacho. Aliubakiza hewani kidogo, kisha akautumia kurekebisha tai.

Nilikwenda nyuma, kwenye moto wa kupikia, mahali ambapo miguu yangu hunipeleka yenyewe. Nyaboke, binti mkubwa wa Kerubo, alikuwa pale akipakua. Aliniwekea sahani, akabaki amesimama. "Mjomba, ni kweli ulichosema?"

"Ni kweli, mama."

"Tumezisugua hizo taa naye tangu tukiwa wadogo. Karai moja. Hakuwahi kutuambia hata neno."

Basi nikamwambia. Nilimpa Bomwamu yote, jua lenye manyoya, makaa ya ndege, maziwa kwenye mdomo wa mwizi, na vitako vya mshazari nikamchorea kwa kijiti kwenye jivu. Alicheka mahali ambapo mama yake angecheka, na kicheko kilikuwa kile kile, hata ikabidi niangalie pembeni. Mwiko ulikuwa umepoa mkononi mwake. Kisha akauliza, kama mtoto anayeulizia mwisho wa hadithi: "Na jua likiamka? Siku linarudi, hao watu wanafanya nini?"

Nilitafuta. Nilizunguka lile jiko lote la Tabaka kichwani, karai kwa karai.

"Hatukufika huko," nikamwambia. "Niliiandika ile karatasi kabla hajatufikisha."